Saizi za godoro kwenye popapu kempa: pima mbao, usiamini jina

Wadau mlioko Marekani na Kanada, naona wengi mmeanza kununua popapu za mtumba, na mna haki, bei inavumilika, gari ya familia yenye ndoano ya kuvutia trela inaziweza nyingi tu, na mtu ukishalala chini kwenye tenti mpaka kiuno kikauma unaona bora kitanda. Swali linalorudi kila kiangazi ni hili: godoro la humu ndani ni saizi gani, na je naweza kwenda dukani nikabeba queen nikaja kulitupia tu? Mara nyingi hapana. Kuna njia ya kulifanya bila kuchoma hela, ndo naiandika hapa hatua kwa hatua.

Kwa ambaye hajawahi kuiona, popapu ni lile trela fupi ambalo ukifika kambini unazungusha hendeli ya winchi paa linapanda, afu unavuta vitanda viwili vinatoka nje mbele na nyuma kama droo, juu yake panabaki turubai, neti na madirisha ya zipu. Hivyo vitanda vya kutoka nje ndo navizungumzia zaidi. Za A-frame, zile zinazosimama kama paa la nyumba, hazina vitanda vya kuvuta, kitanda chake kiko humohumo ndani, kwa hiyo wenye nazo chukueni yale ya unene na unyevu.

Kwanza elewa kwa nini saizi zake ni za ajabu

Ukilishika hili mengine yanakuwa mepesi. Wakati wa kufunga, vitanda vyote viwili vinasukumwa ndani vinakaa usawa mmoja, cha mbele na cha nyuma vinakutana katikati juu ya meza na jiko vilivyolazwa. Maana yake upana wa vitanda viwili ukijumlisha lazima uingie kwenye urefu wa boksi la trela. Boksi la futi 8 ni inchi 96, gawa kwa mbili unapata 48, na kweli popapu ndogo nyingi utakuta kitanda cha 48. Boksi la futi 10 ni inchi 120, kila kimoja kinapata kama 60, au kimoja kinapunguzwa kidogo. Boksi la futi 12 ni inchi 144, hapo ndo unakutana na vitanda vya 70 hivi, ambavyo muuzaji atakuandikia "king" kwenye tangazo bila aibu. Boksi ni pale mwili wa trela ulipo tu, usihesabu ule mkono wa kuvutia wala sanduku la mizigo la mbele.

Urefu wa kitanda nao unatokana na upana wa trela lenyewe, ukitoa kingo unabaki na inchi 80 au karibu na hapo, kwa sababu mnalala mmekingama, kichwa upande mmoja wa trela na miguu upande wa pili.

Sasa linganisha na vya dukani. King ya kawaida ya Marekani ni 76 kwa 80, queen 60 kwa 80, full 54 kwa 75, twin 38 kwa 75, twin ndefu ni 38 kwa 80. Kwa hiyo king ya popapu ya 70 kwa 80 (sentimita 178 kwa 203) haipo kwenye shelfu, iko katikati ya queen na king. Ukiwa bado unafikiria kwa vipimo vya nyumbani, sita kwa sita ni inchi 72 kwa 72, yani king ya popapu inapungua inchi mbili upana lakini inazidi nane kwa urefu. Tano kwa sita ni 60 kwa 72, kwa hiyo queen ya popapu ni kama tano kwa sita iliyorefushwa.

Kuna mtego mmoja hapa. Ukitafuta mtandaoni "godoro la RV" utaletewa short queen, 60 kwa 75. Lile limetengenezwa kwa trela za kuta ngumu na motohomu (magari yenye nyumba humohumo ndani) ambako chumba ni kifupi. Ukilileta kwenye kitanda cha 80 unabaki na shimo la inchi tano miguuni, na kwenye hilo shimo ndo simu, miwani na soksi za watoto zinaenda kuishi.

Hatua ya kwanza: toa godoro, pima mbao

Usipime godoro la zamani. Sponji ya miaka kumi na tano inasinyaa, inavimba, pengine mwenye kempa kabla yako alishaikata. Fungua kempa, vuta kitanda mpaka mwisho, weka zile nguzo mbili za chini zinazoshikilia kitanda kabla hujakipanda (usiruke hii, kitanda bila nguzo kinaweza kupinda au kung'oka na wewe juu), toa godoro lote, ubaki na plaiwudi tupu.

Chukua tepu upime upana sehemu tatu, upande wa ndani, katikati na upande wa nje. Urefu pia sehemu tatu. Andika namba ndogo kuliko zote. Kitanda cha mbele na cha nyuma vipime kila kimoja peke yake, hata kama kwa macho vinafanana, popapu kibao zina kimoja king na kingine queen, au vinapishana inchi mbili tatu.

Angalia kona. Kona za nje kwenye popapu nyingi zimeviringwa kidogo au zina chuma cha kushikilia fremu ya turubai, na godoro la kona kali likikaa pale linasukuma turubai. Sio swala la urembo hilo. Turubai linakinga mvua likiwa limenyooka na halijaguswa, sasa godoro au blanketi likiligusa kwa ndani usiku wa mvua, maji yanapita pale yalipogusana na asubuhi ukingo mzima wa godoro umelowa. Kwa hiyo acha nafasi ya nusu inchi mpaka inchi nzima pande tatu za turubai. Kwa kona chukua boksi la katoni, lilaze pale, chora ule mviringo kwa kalamu, likate, hiyo ndo petani yako ya kukatia sponji.

Hatua ya pili, na hii ndo kubwa: unene

Watu wanahangaika na upana mwezi mzima afu wananunua godoro la inchi nane kwa sababu dukani lilikuwa tamu. Kitanda kinajaa vizuri, mnalala kama wafalme, asubuhi ya kuondoka paa halishuki.

Magodoro yaliyokuja na popapu huwa ni sponji ya inchi 3 au 4, na kiwanda hakijafanya ubahili tu, paa likishuka linakuja kukaa juu kidogo ya godoro, na katikati ya paa na godoro kuna turubai lililokunjwa, vyuma vya fremu yake, na kwenye baadhi kuna nusu ya mlango iliyopachikwa darini. Ukiwa na AC ya juu ya paa, ule uso wake wa ndani nao unaning'inia chini inchi kadhaa. Ukilazimisha lachi (vile vifungio vya paa) zifunge huku godoro linasukuma, unabana turubai, unapinda paa taratibu, na siku moja barabarani lachi inaachia.

Namna ya kupima ni hivi. Vitanda vikiwa vimesukumwa ndani bila godoro na paa bado liko juu, chukua foili ya jikoni, ifinyange utengeneze minara midogo ya inchi 8 hivi, ibane kiasi, isiwe laini turubai likaiangusha wala isiwe ngumu kama jiwe. Simamisha mmoja kila kona ya mbao, mmoja katikati, mmoja chini ya AC na mmoja pale mlango unapokaa kama wako unapachikwa juu. Shusha paa huku unakunja turubai kama unavyofanya siku zote, funga lachi zote, subiri kidogo, fungua, pandisha. Foili imejiponda na haijirudishi. Pima mnara uliopondeka kuliko yote, hapo ndo penye kikomo chako, na ndani ya kikomo hicho inaingia godoro, topa (sponji nyembamba ya kulaza juu ya godoro), shuka, na blanketi kama una tabia ya kuacha kitanda kimetandikwa unapofunga. Toa nusu inchi ya tahadhari. Mtu akikwambia yake ilikubali godoro la inchi sita msikilize tu, kempa yake na yako ni vitu viwili.

Kama umepata inchi 5 unaweza kuweka sponji nzuri ya inchi 4 na blanketi jembamba likabaki palepale. Kama umepata 4 tu na unataka raha zaidi, weka godoro la 3 kitandani, afu topa ya inchi 2 unaikunja wakati wa kuondoka unaiweka sakafuni mwa kempa au kwenye buti la gari. Usumbufu upo lakini mgongo unashukuru.

Hatua ya tatu: nunua nini

Hapa inategemea kitanda ulichonacho.

Wa 60 kwa 80 mmebahatika, topa ya queen ya kawaida inakaa bila kukatwa, na godoro jembamba la queen pia, ilimradi unene umepita mtihani wa foili.

Wa 48, chukua topa ya full, ikate ule upana, lakini kumbuka full ni 75 kwa urefu, utapungukiwa inchi tano. Mimi naona bora kukata queen, inabaki 48 kwa 80 kamili na kipande kinachobaki cha inchi 12 unakifanyia mito ya kukalia.

Wa 70, njia mbili. Ya kwanza nunua topa ya king ya 76 ukate inchi sita. Ya pili ni ya bei rahisi zaidi, chukua queen ya 60, tafuta kipande cha sponji cha inchi 10 kwa 80 cha unene uleule, kigundishe pembeni kwa gundi ya kupuliza ya sponji, na huo upande wenye kiungo uupeleke nje kule kwenye turubai, sio katikati. Pale nje kabisa hakuna anayelala bali panawekwa tochi na nguo. Usijaribu kuunga twin mbili, 38 na 38 ni 76, haziingii, na hata zingeingia mfereji wa katikati unamtesa anayelala katikati, ambaye siku zote ni mtoto.

Aina ya sponji sasa. Memori fomu, ile sponji inayobonyea kufuata umbo la mwili, ni tamu sana kwenye joto, ila usiku wa baridi inakuwa ngumu kama ubao mpaka mwili uipashe, na popapu haina ukuta. Ukienda kambi za milimani au ukiwa mtu wa kutoka mwezi wa kumi, weka sponji ya kawaida chini na memori fomu jembamba juu, usiweke memori fomu tupu. Kwa sponji ya kawaida uliza densiti, yani uzito wake kwa ujazo, sio unene peke yake. Chini ya paundi 1.8 kwa futi ya ujazo italala kama chapati baada ya misimu michache, mtu mzima akigeuka kiuno kinagonga mbao. Kuanzia 1.8 kwenda juu inakubalika, 2.5 ni nzuri kabisa.

Na tafadhali hili lisomeni mara mbili: msikate godoro zima la dukani kabla ya kusoma lebo. Marekani tangu mwaka 2007 kuna sheria kwamba godoro lazima lihimili moto wa wazi, na baadhi ya magodoro ya bei chee yanayokuja yamebanwa kwenye boksi yamevalishwa soksi ya faibaglasi chini ya kava. Ukivua kava au ukipitisha kisu unaachia nyuzi za kioo ndogondogo, zinaingia kwenye turubai, kwenye nguo, kwenye macho na mapafu ya watoto, na kuzitoa ni kazi ya kulia. Lebo ikitaja nyuzi za kioo, au kava imeandikwa isivuliwe, hilo liache kama lilivyo. Cha kukata ni topa za sponji tupu au sponji ya kununua kwa vipimo.

Hatua ya nne: kukata

Kisu cha umeme cha kukatia nyama, kile wenyeji wanakitoa siku ya Thanksgiving kwa ajili ya bata mzinga. Maduka ya mitumba yanavyo tele. Kinapita kwenye sponji bila kuvuta. Kisu cha kawaida kinachana na kuacha meno, mkasi unakata juu vizuri chini unatoka mshazari.

Sponji iliyokuja imekunjwa iache ifumuke siku nzima au mbili kabla ya kupima. Chora mstari kwa maka na ubao mrefu ulionyooka, weka mbao chini ya sponji pande zote mbili za mstari ili kisu kipite katikati, shikilia kisu wima, usikisukume, kiongoze tu kijiendee chenyewe. Kona fuata petani ya katoni. Kama unarudisha sponji kwenye kava ya zamani yenye zipu, kata nusu inchi kubwa kuliko kava ili ijae vizuri, ukikata sawasawa kava inakunjamana. Kama hakuna kava, kata nusu inchi ndogo kuliko mbao. Kava za zamani kabla hujazitupa jaribu kuzifua na kuzianika juani, nyingi zina kitambaa kizuri upande wa juu na plastiki chini, kushonesha mpya ni hela.

Uzito, kwa kifupi

Sponji ya 70 kwa 80 yenye unene wa inchi 4 ni kama futi 13 za ujazo. Kwa densiti ya 1.8 inakuja paundi 23, kilo 10 na nusu hivi. Memori fomu ya densiti ya 4 kwa kipimo kilekile ni paundi 52. Zidisha kwa vitanda viwili, tayari umekula paundi mia na ushee kwenye uwezo wa mizigo wa trela, kabla ya maji, gesi na boksi la barafu la nyama choma. Kitanda chenyewe nacho kina kikomo, kwenye popapu nyingi stika inasema paundi 1,000 au juu kidogo, lakini ndogo na za zamani zinaweza kuwa chini ya hapo, tafuta stika au kitabu cha modeli yako. Baba, mama na watoto watatu wakirukaruka kitanda kimoja, hapo fanya hesabu.

Baridi na unyevu chini ya godoro

Chini ya ile plaiwudi ni hewa ya usiku. Mwili unatoa joto na jasho, vinashuka kwenye sponji, vinakutana na mbao ya baridi, maji yanatengenezeka pale. Inua godoro asubuhi upeleke kiganja chini yake, utashangaa. Ukifunga kempa hivyohivyo ukaiacha wiki tatu unakuja kukuta vidoti vyeusi vya ukungu na harufu ambayo haitoki.

Dawa ni kuweka kitu chini ya godoro chenye kupitisha hewa. Kuna mikeka ya plastiki yenye nyuzi zilizosokotana inayouzwa kwa ajili ya boti na kempa, haizidi inchi moja, hiyo ndo nzuri kuliko zote, ila kumbuka kuitoa kwenye hesabu ya unene. Mikeka ya sponji ya kuungana ya watoto kuchezea inasaidia sana kwa baridi lakini haipitishi hewa, kwa hiyo ukiitumia kila asubuhi godoro lisimamishwe kwa ubavu nusu saa huku madirisha yako wazi. Usiku usifunge zipu zote, acha uwazi kidogo pande mbili hata kama ni baridi. Kambi yenye umeme weka pedi ya umeme ya kitanda ya watu wa baridi, inatumia umeme kidogo kuliko hita na inapasha pale ulipolala.

Mashuka

Kwa 60 kwa 80 mashuka ya queen yanatosha, ila ya siku hizi yana mfuko wa inchi 14 au 16 kwa ajili ya magodoro manene, kwenye godoro la inchi 4 yanaelea na usiku yanakuzonga. Nunua zile klipu za lastiki zinazovutana chini ya godoro kwa mshazari, au mpe fundi cherehani apunguze kina. Kwa 70 tumia ya king, queen haifiki. Kutandika anza kona mbili za nje ukiwa umepiga magoti katikati ya kitanda, afu rudi kinyumenyume kuelekea ndani, ukianza za ndani utajikuta umelitandika na wewe upo juu yake. Wengine wamechoka wanaunganisha begi mbili za kulalia kwa zipu zikawa moja, na sidhani wamekosea.

Nani alale wapi

Kwa kuwa mnalala mmekingama, mmoja anakuwa upande wa ndani na mwingine upande wa turubai, na wa nje akitaka kutoka anampanda mwenzake. Mwenye kuamka kukojoa alale ndani, hakuna mjadala. Mtu mrefu asijaribu kugeuka alale kuelekea nje kwenye kitanda cha 70, sentimita 178 zinaisha haraka, kwa 48 ndo usifikirie kabisa. Vitoto vidogo visilazwe upande wa turubai, linashikwa chini kwa velkro au kamba za lastiki na mtoto anayejiviringisha anaweza kulisukuma likaachia.

Kuna pia kitanda cha meza, meza inashushwa katikati ya viti viwili na mito inapangwa juu. Hicho huwa kama inchi 40 mpaka 44 kwa sabini na kitu, kinatosha watoto wawili au mkubwa mmoja asiye na makuu, viungo vya mito vinachoma mgongo kwa hiyo hifadhi mabaki ya ile topa uliyokata.

Na kabla hujalipia safari angalia sheria za kambi, kuna sehemu za dubu hawataki kitanda cha turubai kabisa. Kambi ya Fishing Bridge pale kwenye hifadhi ya Yellowstone wanapokea kempa za kuta ngumu tu.

Siku ya kuondoka mkifunga kukiwa na mvua, hamna namna, fungeni. Ila mkifika nyumbani kesho yake au keshokutwa ifungueni tena, toeni magodoro yote, yasimamisheni kwa ubavu, na msirudishe mpaka mbao ikishikwa iwe kavu.